Mafuta kidogo yanatosha: Funzo kutoka jiko la Wayahudi

KARIBU kila daktari ana orodha ya vyakula anavyowakataza wagonjwa wake wa shinikizo la damu na kisukari, na vyakula vya kukaangwa aghalabu ndivyo huongoza orodha hiyo. Mgonjwa huitikia kwa kichwa, hushukuru na kwenda zake. Jioni afikapo kituo cha matatu, njaa imembana na magari hayasogei, hununua chipsi na kuzila huku akijisuta. Baada ya wiki mbili huacha hata kujisuta.

Mimi ni daktari wa magonjwa ya kawaida, na maoni yangu ni kwamba katazo la namna hii limeshindwa. Tunamwambia mtu asile kabisa, naye anakula kila siku. Kati ya "kabisa" na "kila siku" ipo njia ya tatu ambayo wazee wetu waliijua vizuri: chakula kuwa na siku yake. Ili nikuonyeshe njia hiyo, leo nitakueleza chakula ambacho pengine hujapata kukionja, yaani chapati ndogo za viazi za Wayahudi ziitwazo latke. Nitakueleza zilikotoka, jinsi ya kuzipika nyumbani kwako, na kwa nini mimi daktari sioni haya kukushauri uzipike.

ASILI YAKE

Latke huliwa wakati wa sikukuu ya Hanuka, ambayo huangukia Novemba au Desemba na kudumu siku nane. Wasomaji wa Biblia ya Kiswahili wanaijua kwa jina jingine. Katika Injili ya Yohana, sura ya 10, inaitwa Sikukuu ya Kutabaruku. Ilianza mwaka 164 kabla ya Kristo, Yuda Makabayo na wenzake walipolikomboa hekalu la Yerusalemu, ambalo mfalme Antioko wa Nne alikuwa amelitia unajisi, wakalitakasa na kuliweka wakfu upya. Talmudi, kitabu kikuu cha mafundisho ya marabi, inaongeza kisa cha mafuta. Ndani ya hekalu kilipatikana kichupa kimoja tu cha mafuta safi, ya kuwasha taa kwa siku moja. Mafuta hayo yakawaka siku nane.

Kwa kumbukumbu hiyo, Wayahudi hula vyakula vilivyokaangwa kwa mafuta siku hizo. Hapa naomba uangalie jambo moja, msomaji. Kinachokumbukwa ni kichupa kidogo kilichotosha. Hakuna mahali ambapo kisa hiki kinataja pipa.

Usidhani pia kwamba Yuda Makabayo alikijua kiazi. Asili ya viazi ni milima ya Andes huko Amerika Kusini, navyo viliingia Ulaya katika karne ya 16 baada ya Wahispania kufika huko. Wayahudi wa Italia walikuwa na chapati za jibini zamani kabla ya kuzoea viazi. Ni katika karne ya 19 ambapo viazi vilienea mno Ulaya Mashariki kama chakula cha maskini, na Wayahudi wa Poland, Lithuania na Ukraine wakaanza kuvikwaruza na kuvikaanga. Mafuta ya zeituni yalikuwa adimu katika nchi hizo za baridi, kwa hivyo wengi walitumia mafuta ya bata bukini. Wayahudi wa Morocco nao hukaanga maandazi ya mviringo yaitwayo sfenj, na nchini Israeli maandazi yenye jemu ndani, yaitwayo sufganiyot, hujaa madukani msimu huo.

Chakula hiki si kigeni kabisa kwetu. Wayahudi wameishi Nairobi tangu mwanzo wa karne ya 20, na sinagogi yao iko kando ya University Way. Viazi navyo tunavyo tele kutoka Nyandarua, Nakuru na Meru. Tulichokosa sisi ni ile kalenda.

Naam, kalenda. Sisi tuliolelewa miaka ya 1980 na 1990 twakumbuka kwamba katika nyumba nyingi chapati zilikuwa za Krismasi, au za siku alipokuja mgeni wa heshima. Hakuna daktari aliyetukataza chapati. Unga na mafuta vilikuwa ghali, kazi ya kusukuma ilikuwa kubwa, na hayo mawili yalitosha kutulinda. Leo mtu wa mjini hasukumi wala hamenyi. Chipsi ziko kila kona, tayari na za moto. Sikukuu imekuwa ya kila siku, na mwili hauna siku ya kupumzika.

MAHITAJI

Kwa watu sita, tafuta viazi kilo moja, kitunguu maji kikubwa kimoja, mayai mawili, unga wa ngano vijiko vitatu au vinne vya mezani, chumvi nusu kijiko cha chai, pilipili manga kidogo na mafuta ya maji. Wayahudi wengi hutumia mkate wao usiotiwa chachu, uliosagwa, badala ya unga wa kawaida. Wewe tumia unga ulio nao.

Osha viazi vizuri na uvimenye. Vikwaruze kwa kile kibati chenye matundu makali tunachokwaruzia karoti, ukitumia upande wa matundu makubwa. Kwaruza kiazi, kisha kipande cha kitunguu, kisha kiazi tena, kwani maji ya kitunguu husaidia viazi visigeuke rangi upesi. Vitie ndani ya kitambaa safi na uvikamue kwa nguvu zako zote juu ya bakuli. Usione huruma. Kamua, pumzika, kamua tena.

Acha maji hayo yatulie kwa dakika kumi. Chini ya bakuli utaona wanga mweupe umeganda. Mwaga maji polepole na uubakishe wanga huo, kisha urudishe viazi ndani yake. Ongeza mayai, unga, chumvi na pilipili manga, uchanganye na kuanza kukaanga mara moja, kwa sababu mchanganyiko ukikaa hutoa maji tena.

Pasha mafuta kwenye kikaango kipana. Huhitaji mafuta ya kuzamisha. Kina cha nusu sentimita kinatosha, na kama kikaango chako ni cha aina isiyoshika chakula, vijiko viwili au vitatu vya mezani kwa kila mkupuo vyatosha. Dondosha chembe ya mchanganyiko. Ikichemka na kutoa povu papo hapo, mafuta yako tayari. Yakitoa moshi, yamepita kiasi, kwa hivyo punguza moto. Weka kijiko kimoja kikubwa cha mchanganyiko, ukibonyeze kiwe bapa, na ukaange kwa dakika tatu au nne kila upande, hadi rangi iwe ya dhahabu. Usijaze kikaango, kwani mafuta yatapoa.

Zitoe na uziweke juu ya waya au chujio ili mafuta yachuruzike. Tafadhali usiziweke juu ya gazeti. Wino wa magazeti hushikana na chakula cha moto chenye mafuta, nao haukutengenezwa kuliwa. Gazeti hili lisome, ukimaliza mpe jirani, lakini usifungie chakula.

Kwa desturi, latke huliwa na malai iliyochachuka au matofaa yaliyopikwa na kupondwa. Wayahudi washikao sheria za chakula hawachanganyi nyama na maziwa, kwa hivyo latke zilizokaangwa kwa mafuta ya bata bukini hazikuliwa na malai. Kwa afya yako, matofaa yapike bila sukari, kwani utamu wake wa asili unatosha. Ukikosa malai hiyo, maziwa lala mazito yatafaa.

KWA NINI TUKAMUE

Huenda ukadhani kukamua ni mbwembwe za wapishi. La hasha. Maji yakibaki ndani ya viazi, hupoza mafuta mara tu viazi viingiapo kikaangoni. Chakula basi hukaa muda mrefu bila kushika ganda la nje, na kadiri kinavyokaa ndivyo kinavyoshiba mafuta. Maji hayo hayo ndiyo hurusha matone ya mafuta usoni na mikononi. Aliyekamua vizuri hula mafuta machache na huungua kwa nadra.

Hesabu yake si ngumu. Gramu moja ya mafuta ina kalori tisa, hali gramu moja ya wanga ina nne. Kijiko kimoja cha mezani cha mafuta kina kalori zipatazo 120. Gramu 100 za viazi vya kuchemsha zina kalori zipatazo 85, lakini uzito huo huo wa chipsi hukaribia 300. Kiazi ni kile kile. Kilichobadilika ni kwamba maji yametoka na mafuta yameingia.

Hii ndiyo faida ya kupika nyumbani. Unajua umemimina vijiko vingapi. Unajua mafuta yalifunguliwa lini. Unajua chumvi ni nusu kijiko kwa watu sita, yaani karibu nusu gramu kwa kila mmoja, wakati Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asizidishe gramu tano kwa siku. Anayekula kibandani hajui hata moja kati ya hayo.

MAFUTA YALIYOCHAKAA

Kwangu mimi, hapa ndipo penye hatari kubwa kuliko kukaanga kwenyewe. Mafuta yanayochemshwa asubuhi hadi usiku, kisha yakaongezwa kidogo kesho na kuchemshwa tena, hubadilika. Huwa meusi na mazito, hutoa povu, na huanza kutoa moshi mapema. Ndani yake hutokea kemikali ambazo hazikuwamo mwanzoni. Utafiti uliofanywa kwa panya umehusisha mafuta yaliyopashwa mara nyingi na kupanda kwa shinikizo la damu na kudhurika kwa mishipa.

Hapa nchini jambo hili si la kupuuzwa. Uchunguzi wa kitaifa wa mwaka 2015 ulionyesha kwamba karibu mtu mzima mmoja kati ya kila wanne ana shinikizo la damu lililopanda, na wengi wao hawakuwa wamewahi kupimwa. Hawa ndio tunaowapokea wakiwa wamepooza upande mmoja, jamaa wakituambia kwamba hakuwahi kuugua.

Simlaumu muuza chipsi. Mafuta ni ghali na faida yake ni ndogo. Lakini mwili wako haujui bei ya mafuta. Nyumbani, mafuta yaliyobaki yachuje yakishapoa, yafunike, na uyatumie mara moja au mbili tu. Yakigeuka rangi au harufu, yatie kwenye chupa kuukuu na uyatupe. Usiyamwage kwenye sinki, kwani yataziba mabomba.

Chagua pia aina ya mafuta. Yale yanayoganda kwenye kopo mara nyingi hutokana na mawese, ambayo karibu nusu yake ni mafuta yanayopandisha lehemu mbaya katika damu. Mafuta ya alizeti au mahindi yana kiasi kidogo zaidi cha aina hiyo.

VIAZI VYENYEWE

Kiazi kilichoachwa juani au kwenye mwanga mkali hugeuka kijani, na pamoja na ukijani huo huongezeka sumu iitwayo solanini. Vichipukizi vyake pia vina sumu hiyo. Kuchemsha au kukaanga hakuiondoi. Mtu akiila kwa wingi hutapika, huumwa na tumbo na kichwa, na huharisha. Madaktari walieleza katika ripoti ya mwaka 1979 jinsi wavulana 78 wa shule moja ya London walivyougua baada ya kula viazi vilivyoshukiwa kuwa na sumu hiyo.

Aina ya shangi, inayouzwa sana mijini kwetu, huchipua upesi. Kwa hivyo nunua vya siku chache na uviweke mahali pa giza penye hewa. Kiazi chenye doa dogo la kijani, likate kwa kina. Kilichokuwa kijani kote au chenye ladha ya uchungu, kitupe.

Kuhusu rangi baada ya kukaanga, mwaka 2002 watafiti wa Sweden walitangaza kwamba vyakula vya wanga vikikaangwa au kuokwa kwa moto mkali hutoa kemikali iitwayo akrilamaidi. Wataalamu wa saratani duniani walikuwa wameshaiorodhesha mwaka 1994 miongoni mwa vitu vinavyoelekea kusababisha saratani kwa binadamu. Ushahidi kwa watu wanaoila chakulani haujawa thabiti, lakini tahadhari yake ni rahisi: koma kwenye rangi ya dhahabu, usingoje hudhurungi.

JIKO NA WATOTO

Katika vyumba vyetu vya mjini, jiko la gesi aghalabu huwa sakafuni, na watoto hucheza papo hapo. Ukikaanga, mtoto asiwe karibu. Mkono wa kikaango uelekeze ukutani. Mafuta yakishika moto, zima gesi ukiweza na ufunike kikaango kwa kifuniko. Usimwage maji hata kidogo, kwani moto utaruka hadi darini.

Mtu akiungua, mtie chini ya maji ya bomba yanayotiririka kwa dakika 20, umvue pete na bangili mapema kabla hajavimba. Usimpake dawa ya meno, ute wa yai, unga wala majarini, na usimwekee barafu. Kidonda kikiwa kikubwa kuliko kiganja chake, kikiwa usoni, mkononi au sehemu za siri, au kikiwa cha mtoto mdogo, mpeleke hospitali bila kukawia.

NANI AJIHADHARI

Mwenye kisukari akumbuke kwamba kiazi ni wanga, nao hugeuka sukari katika damu. Latke mbili au tatu, pamoja na mboga za majani au kachumbari na samaki au maharagwe, ni mlo mzima. Asizile pamoja na ugali, chapati na soda. Mwenye maradhi ya figo yaliyokithiri anapaswa kumwuliza daktari wake kwanza, kwa sababu viazi vina potasiamu nyingi. Na asiyepatana na mayai au ngano asionje kwa kuona haya mbele ya mwenyeji.

Wapo watakaouliza: daktari, ukishawafundisha watu kukaanga vizuri, hawatakaanga kila siku? Ni swali zuri. Jibu langu ni kwamba anayekwaruza kilo moja ya viazi kwa mkono, akakamua na kusimama mbele ya kikaango kwa karibu saa nzima, hatatamani kurudia kesho. Kazi yenyewe ni kizuizi. Chakula kinachotudhuru mjini ni kile kisichotugharimu jasho lolote.

Wengine watasema kwamba daktari hapaswi kusifia kitu cha mafuta. Nami nawajibu kwamba mgonjwa anayekula cha kukaangwa siku mbili kwa mwezi, kwa mafuta mapya, mezani na watoto wake, yu salama kuliko yule niliyemkataza kabisa naye akala kila jioni kwa siri.

Kwa hivyo usiape kwamba hutakula tena cha kukaangwa. Chukua kalenda, uchague siku: Krismasi, Idi, siku ya kuzaliwa kwa mtoto, au Jumamosi moja ya mwezi ukipenda. Siku hiyo kaanga bila kujisuta. Siku nyingine zote pitia kwenye kibanda cha chipsi kama mtu ambaye siku yake haijafika. Na kama hujapimwa shinikizo la damu mwaka huu, ingia kliniki yoyote iliyo karibu nawe ukapimwe wiki hii. Ni kazi ya dakika tano.